Prodyuza si mwenye hela: kazi ya Alice Guy ikielezwa kutoka mwaloni Kibirizi

Majina yalipoanza kupanda kwenye skrini, mwenye kibanda alinyoosha rimoti azime, kama anavyofanya siku zote. Ilikuwa Jumamosi usiku, Ujiji, kibanda umiza kimejaa hadi mlangoni, filamu yenyewe ya nje iliyotafsiriwa. Kijana wa benchi la mbele akamzuia: "Acha kwanza, bro! Prodyuza ni mwanamke."

Basi ikawa kesi. Mmoja akasema huyo ndiye mwenye hela zake. Mwingine akakataa: prodyuza ni anayetengeneza biti studio, hela zinaingiaje hapo? Wa tatu, mtu mzima kidogo, akaamua kwamba prodyuza na dairekta ni mtu yuleyule, majina mawili ya kujikweza. Mabishano yakatoka nje, yakapita kwa muuza mihogo ya kukaanga, yakaishia kwenye pikipiki bila mshindi. Mpwa wangu alikuwa amesikiliza yote. Amemaliza kidato cha nne na anasema anataka kusomea mambo ya filamu. Njiani akaniuliza: "Mjomba, sasa yupi kasema kweli?"

Nikamwambia nitamjibu kesho, maana jibu linahitaji mchana, linahitaji dagaa, na linahitaji kisa cha Alice Guy, Mfaransa aliyetengeneza filamu tangu siku za mwanzo za sinema.

Tuanze na neno. Hapa kwetu prodyuza tulimjua kwanza kupitia Bongo Fleva: yuko studio, mbele ya kompyuta na kinanda, anatengeneza biti, anarekodi sauti, anachanganya, na mara nyingi jina lake linatajwa mwanzoni mwa wimbo. Huyo ni fundi wa sauti na mtunzi kwa pamoja. Kwenye filamu neno ni lilelile lakini kazi ni nyingine kabisa, na prodyuza wa filamu anaweza kumaliza maisha yake bila kugusa kinanda wala kamera. Kiswahili rasmi kinamwita mtayarishaji. Dairekta ni mwongozaji. Anayetoa fedha ni mwekezaji au mfadhili. Anayeipeleka filamu kwa watu, iwe kwenye majumba ya sinema, televisheni au mtandaoni, ni msambazaji. Hao ni watu wanne. Mtu mmoja anaweza kuvaa kofia mbili au tatu, na Bongo Muvi imejaa watu wa namna hiyo, lakini kofia zenyewe hazigeuki kuwa moja.

Sasa dagaa. Dada yangu, mama yake huyu mpwa, anafanya biashara hiyo Kibirizi, na kila anayekaa Kigoma amewahi kuona mambo yanavyokwenda pale mwaloni, ufukweni vyombo vya wavuvi vinapotia nanga, jioni. Chombo hakiingii ziwani hivihivi. Kuna mtu amehakikisha nyavu zimeshonwa, taa zina chaji, mafuta ya injini yapo, wavuvi wametimia na hakuna aliyelewa. Pengine fedha si zake. Amekopa kwa mtu wa Mwanga, hapa mjini, au kwenye kikundi. Chombo kikishaondoka, yeye hayumo. Kule ndani anayeamua taa zishushwe wapi na wavu uvutwe saa ngapi ni nahodha. Alfajiri mtu yule yule yuko ufukweni na ndoo, anasimamia dagaa waanikwe kabla hawajaharibika, anabishana bei na wachuuzi wanaopeleka Kasulu, Tabora hadi Dar es Salaam. Usiku ule wasipopata kitu, aliyekopesha hamgongei nahodha mlango. Anamgongea yeye.

Huyo ndiye prodyuza. Mkopeshaji ni mwekezaji, nahodha ni mwongozaji, wavuvi ni waigizaji na mafundi, mchuuzi wa jumla ni msambazaji. Ukishaipata picha hiyo, kosa la kwanza la kibandani linaanguka lenyewe: mwenye hela na mwenye kazi si lazima wawe mmoja. Prodyuza huitafuta hela, huilinda isiliwe, na huijibia.

Swali la nani bosi kati ya prodyuza na dairekta nalo linajibika hapohapo. Inategemea mko wapi. Ziwani ni nahodha. Ufukweni si nahodha. Ugomvi mwingi wa filamu unaosikia unatokana na mmoja kutaka kupiga kasia la mwenzake.

Nilijifunza hili kwa aibu. Miaka kadhaa iliyopita tulikuwa vijana sita, tuna kamera ya kuazima na skripti ya kurasa kumi na mbili, na tukakubaliana kwamba hatuna haja ya prodyuza kwa sababu sote ni ndugu. Kiini cha filamu kilikuwa usiku: msichana amesimama ufukweni anamsubiri baba yake, na nyuma yake ziwa limejaa taa za wavuvi, zile taa ambazo mgeni akiziona kwa mara ya kwanza hudhani kuna mji ng'ambo. Tukakodi jenereta, tukalipia boti, mama mmoja akatupikia ugali na migebuka. Tukafika. Mwezi umekaa juu kama sinia, ziwa jeupe, taa hakuna hata moja. Mzee aliyekuwa anashona wavu akatutazama kwa huruma: "Wanangu, mwezi mpevu huu. Nani anavua dagaa?"

Dagaa hufuata taa kwenye giza. Mwezi ukiwaka, taa hazina kazi, na wavuvi wanapumzika siku kadhaa. Kila mtoto wa Kigoma analijua hilo, na sisi sita tulilijua pia. Ila halikuwa jukumu la mtu yeyote kulikumbuka. Jenereta ililipiwa, boti ililipiwa, na filamu haikuisha hadi leo. Kazi ya prodyuza kwa kiasi kikubwa ndiyo hiyo: kuangalia mwezi kabla ya watu kupanda boti.

Zamani, kabla neno prodyuza halijazoeleka popote, mwanamke mmoja alikuwa anaifanya kazi hii Paris. Alice Guy alizaliwa tarehe 1 Julai 1873 Saint-Mandé, kando ya Paris. Baba yake alikuwa na maduka ya vitabu Chile, biashara ikafilisika, na baba mwenyewe akafariki Alice akiwa bado msichana. Ili amtunze mama yake akajifunza kupiga chapa na hati mkato, na mwaka 1894 akaajiriwa kuwa katibu muhtasi kwenye kampuni iliyouza vifaa vya kupigia picha. Mwaka uliofuata kampuni ikashikwa na Léon Gaumont, akiwa na washirika wenye majina makubwa, mmojawapo Gustave Eiffel, yule wa mnara.

Machi 1895, Gaumont na katibu wake walialikwa kuona kifaa kipya cha ndugu wawili, Auguste na Louis Lumière. Wakaona wafanyakazi wakitoka kiwandani, kwenye kitambaa, wanatembea! Wanaume wengi mle ndani walivutiwa na mashine. Gaumont pia aliona mashine: kitu cha kuuza. Alice aliona kwamba kutazama watu wanatoka kiwandani kutachosha watu upesi, na kwamba chombo hiki kinaweza kusimulia hadithi. Akamwomba bosi wake amruhusu ajaribu. Akaruhusiwa, kwa sharti kwamba barua za ofisi zisilale.

Hadithi aliyoitengeneza ilikuwa ya dakika moja hivi, inayojulikana kama La Fée aux Choux, yaani kichimbakazi wa makabichi. Wafaransa wana masihara kwamba watoto wachanga huokotwa kwenye makabichi, kama sisi tunavyowaambia watoto wetu kwamba mdogo wao amenunuliwa hospitali. Yeye akaweka kichimbakazi katikati ya bustani, anachomoa watoto nyuma ya makabichi. Alisema aliitengeneza 1896; wanahistoria wengine wanaona nakala iliyobaki ni ya karibu 1900, na ubishi huo haujaisha. Kwa hesabu yake yeye, iko miongoni mwa filamu za mwanzo kabisa duniani zilizosimulia hadithi ya kubuni.

Lakini tazama alivyoitengeneza, kwa sababu ndipo jibu la mpwa wangu lilipo. Katika kumbukumbu zake anaeleza: jirani aliyekuwa mchoraji wa mapepeo ya kujipepea akamchorea kitambaa cha nyuma. Fundi seremala akakata makabichi ya mbao. Mavazi yakakodishwa. Waigizaji walikuwa rafiki zake, pamoja na mtoto mchanga anayelia na mama wa mtoto ambaye kwa wasiwasi alikuwa anaingia na kutoka mbele ya kamera. Hela hazikuwa za Alice, zilikuwa za Gaumont. Kamera haikuwa yake. Muda wenyewe alipewa kwa masharti. Alichokuwa nacho ni wazo, na kujua nani anaweza kukata kabichi la mbao kwa bei gani.

Gaumont akaona watu wanapenda. Katibu muhtasi akawa mkuu wa utengenezaji wa filamu wa kampuni nzima, kazi aliyoishika kwa takriban miaka kumi. Alichagua hadithi, aliajiri, alifundisha. Miongoni mwa aliowaingiza kazini ni Louis Feuillade, aliyekuja kuwa mwongozaji mkubwa Ufaransa na aliyeshika nafasi yake alipoondoka. Alitengeneza picha zenye sauti miaka ishirini kabla ya sinema ya sauti kuenea, kwa kutumia mtambo wa Gaumont uliounganisha picha na santuri. Mwaka 1906 akasimamia filamu ya maisha ya Kristo yenye matukio 25 na waigizaji wa ziada wapatao 300. Fikiria chakula cha watu 300, nguo za watu 300, na mvua.

Mwaka 1907 akaolewa na Herbert Blaché, mfanyakazi mwenzake, wakahamia Marekani. Huko, mwaka 1910, akiwa na mtoto mdogo, akaanzisha kampuni yake mwenyewe: Solax. Miaka miwili baadaye akajenga studio Fort Lee, New Jersey, iliyogharimu zaidi ya dola 100,000, huku ana mimba ya mtoto wa pili. Hollywood ilikuwa bado haijawa Hollywood. Mji wa filamu ulikuwa huo Fort Lee, ng'ambo ya mto kutoka New York. Ukutani mle studio alibandika bango kubwa kwa waigizaji: kuwa wa kawaida. Waigizaji wa siku hizo walikuwa wanarusha mikono kama wanafukuza nyuki, na nikisema ukweli, bango lile tungelihitaji hata leo kwenye baadhi ya tamthilia zetu za jioni.

Watu hudhani wanawake waliingia kwenye filamu kwa mlango wa uigizaji, wakapanda kidogokidogo hadi miaka ya karibuni wakaruhusiwa kuwa mabosi. Tarehe zinasema kinyume. Mwanamke alikuwa anamiliki studio mwaka 1912. Biashara ilipokuwa changa na haijulikani kama ina faida, nafasi ilikuwepo. Fedha nyingi zilipoingia ndipo milango ikafungwa. Wauza dagaa wa kike wanaijua hadithi hii vizuri kuliko mimi.

Sasa anguko. Solax ilikuwa inatengeneza filamu fupi na kuzipeleka sokoni kwa mkondo usiokatika, kila wiki. Haikuwa na majumba yake ya sinema wala mtandao wake wa usambazaji. Ilitegemea makampuni mengine kufikisha kazi kwa watazamaji. Kuanzia karibu 1913 na 1914 soko likageuka. Watu wakataka filamu ndefu. Filamu ndefu inakula fedha za filamu fupi kumi, na kurudi kwa fedha kunachelewa. Walioshika usambazaji na majumba wakawa ndio wanaoamua nani ale nini. Uongozi wa kampuni ukahamia kwa mumewe, Solax ikafifia, na Alice akabaki anaongoza filamu kwa kukodishwa na kampuni nyingine: kutoka mwenye chombo akawa kibarua kwenye vyombo vya watu. Mume akaondoka kwenda Hollywood mwaka 1918. Mwaka uliofuata Alice akapata mafua makali ya wakati ule, yaliyoua mamilioni duniani, nusura yamchukue. Filamu yake ya mwisho ilitoka 1920. Studio ya Fort Lee ikauzwa kulipa madeni, ndoa ikavunjika, na 1922 akarudi Ufaransa na watoto wawili.

Hapa nilisimama kidogo nilipokuwa namweleza mpwa, kwa sababu hii si habari ya Paris wala New Jersey tu. Kwenye soko la kanda na DVD la Bongo Muvi, mambo yalikuwa yaleyale. Prodyuza alikuwa anahangaika miezi, anafika Kariakoo na kazi yake, msambazaji anampa kiasi kimoja cha mkupuo na kuchukua filamu moja kwa moja. Ikiuza nakala mia au laki, aliyeitengeneza hana chake tena. Tuna Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, lakini haki uliyoiuza mwenyewe kwa saini yako ni ngumu kuidai. Ndiyo maana prodyuza anayejua kazi anasoma mkataba wa msambazaji kabla hajakodi hata kamera. Mwenye dagaa asiyejua atamuuzia nani, atawaanika, watajaa mchanga, na bei atapangiwa.

Hasara ya pili ya Alice ilikuwa jina. Aliporudi Ufaransa hakuna aliyempa kazi, na hakuwa na nakala za filamu zake za kuonyesha. Mwaka 1927 alirudi Marekani kuzitafuta, hadi kwenye Maktaba ya Bunge kule Washington, akatoka mikono mitupu. Vitabu vya historia ya sinema vilipoanza kuandikwa, filamu zake nyingine ziliandikwa majina ya wanaume waliokuwa wasaidizi wake. Ile ya maisha ya Kristo, kwa mfano, iliwekwa kwa Victorin Jasset, aliyekuwa msaidizi wake. Filamu za enzi zile mara nyingi hazikuwa na orodha ya majina. Jina lililoonekana ni la kampuni. Alitumia uzee wake kuandika barua kusahihisha. Serikali ya Ufaransa ilimpa nishani ya Légion d'honneur miaka ya 1950. Akafariki New Jersey tarehe 24 Machi 1968, umri miaka 94, na kumbukumbu zake zikachapishwa 1976, yeye hayupo. Inakadiriwa alihusika na filamu zipatazo 1,000, nyingi fupi sana. Zilizopatikana ni kama 150.

Kwa hiyo ile rimoti ya Ujiji si jambo dogo. Yale majina yanayopanda ndiyo risiti.

Nayo risiti yenyewe huchanganya, maana unaweza kuona maprodyuza sita kwenye filamu moja. Kwa kifupi: mtayarishaji mkuu mara nyingi ni aliyeleta fedha au aliyetoa jina lake ili milango ifunguke, mtayarishaji asiye na kikorombwezo ndiye aliyebeba mzigo, na chini yao kuna anayehesabu matumizi ya kila siku ya lokesheni, yule ambaye waigizaji hawampendi kwa sababu ndiye anayesema soda zimeisha.

Hapa nchini mtayarishaji ana kazi moja zaidi ambayo vijana husahau: vibali. Filamu inasimamiwa na Bodi ya Filamu, chini ya sheria iliyoanzia 1976, na kibali cha kutengeneza kinatafutwa kabla ya kushuti. Ukitaka kushuti Gombe utawaona watu wa hifadhi za taifa, ukitaka kurusha droni juu ya stesheni ya reli hapo Kigoma utaomba kibali kwingine. Dairekta hatakumbuka. Anawaza mwanga.

Mpwa wangu akauliza kama kuna wanawake wa Kitanzania. Wapo, na si wa juzi. Kwa miaka mingi prodyuza mkubwa hapa alikuwa serikali yenyewe, kupitia Kampuni ya Filamu Tanzania iliyoundwa 1968, kwa hiyo mtu binafsi alikuwa na nafasi finyu. Hata hivyo mwaka 1992 Flora M'mbugu-Schelling alitoa filamu yake ya wanawake wanaoponda kokoto Kunduchi, karibu haina maneno, nyundo tu na nyimbo, na ilisafiri mbali. Beatrix Mugishagwe akaja na kampuni yake ya Abantu Visions. Mfano unaonifaa zaidi kufundishia ni filamu ya Binti ya mwaka 2021: aliyeongoza ni Seko Shamte, watayarishaji ni Angela Ruhinda na Alinanuswe Mwakyoma. Nahodha mwanamke mmoja, wenye chombo wanawake wengine, na hakuna aliyechanganya kofia yake na ya mwenzake.

Jioni ile dada yangu alirudi kutoka Kibirizi, magamba ya dagaa yanameta kwenye kanga yake, akatukuta barazani tumeinamia simu. Ile filamu ya makabichi iko mtandaoni na haili bando. Tukamrudishia kuanzia mwanzo. Kichimbakazi akatokea na gauni lake, akatabasamu, akainama, akachomoa mtoto, akamlaza chini, akaenda kwenye kabichi jingine. Dada akaitazama dakika nzima bila kusema neno, kidole kimeshika ukingo wa simu.

"Watoto nimewaelewa," akasema. "Hayo makabichi makubwa hivyo, kayaleta nani?"

Mpwa wangu akanitazama, akamtazama mama yake.

"Ndiye huyo tunayemzungumzia, mama."